India na utata wa kuwaruhusu watabibu wa tiba mbadala kuandika dawa za kisasa

KWA miaka mingi serikali za majimbo kadhaa nchini India zimekuwa zikitafuta njia ya kisheria ya kuwaruhusu watabibu wa Ayurveda, Unani na homiopathi kuwaandikia wagonjwa dawa za kisasa. Hoja yao ni kwamba madaktari wamejazana mijini, ilhali vijijini wapo watabibu wenye elimu ambao sheria imewafunga mikono. Lisilojibiwa ni nani atakayebeba mzigo pale ruhusa hiyo itakapoleta madhara.

Ni kweli kwamba watabibu hao si waganga wa vichochoroni. Shahada ya Ayurveda huchukua miaka mitano na nusu, ukiwemo mwaka mmoja wa mafunzo kwa vitendo, sawa na shahada ya udaktari wa kisasa. Mpango wa Taifa wa Afya Vijijini, ulioanza mwaka 2005, uliwaingiza katika vituo vya afya vya serikali, na mwaka 2014 tiba hizo zikapewa wizara yake kamili.

Hata hivyo, muda wa masomo ni jambo moja na kilichosomwa ni jambo jingine. Mwaka 1992 mgonjwa mmoja wa Bombay alipewa na mtabibu wa homiopathi dawa za kisasa za homa, kisha za homa ya matumbo, bila vipimo vya kuthibitisha ugonjwa. Alifariki dunia. Mwaka 1996 Mahakama ya Juu ilimtia hatiani mtabibu huyo kwa uzembe na kuamuru alipe fidia ya rupia 300,000, ikisema kuwa anayetumia mfumo wa tiba asioujua ni tapeli.

Miaka miwili baadaye mahakama hiyo hiyo ilieleza kuwa haki ya mtabibu wa aina hiyo kutumia dawa za kisasa hutegemea sheria ya jimbo lake. Mlango uliokuwa umefungwa ukaachwa wazi kidogo, na wanasiasa wakaupitia. Mwaka 2014 jimbo la Maharashtra lilirekebisha sheria ili watabibu wa homiopathi waandike dawa za kisasa baada ya kozi ya mwaka mmoja ya elimu ya dawa. Chama cha Madaktari cha India kilikwenda mahakamani kupinga.

Desemba 2017 muswada wa tume mpya ya udaktari ulipendekeza kozi fupi ya namna hiyo kwa nchi nzima. Madaktari waligoma, na mwaka 2018 serikali ikakiondoa kipengele hicho. Novemba 2020 ukatoka waraka uliowaruhusu wenye shahada ya uzamili ya upasuaji wa Ayurveda kufanya aina 58 za upasuaji, ukiwemo wa mtoto wa jicho. Desemba 11 mwaka huo madaktari waligoma tena.

Wapo wanaosema madaktari wanalinda soko lao. Huenda madai hayo yana chembe ya ukweli, kwa kuwa wanaopinga ruhusa hiyo si wote walio tayari kuhamia vijijini. Lakini serikali nazo zina kigeugeu. Mwaka 2023, katika shauri la jimbo la Gujarat, Mahakama ya Juu iliafiki kwamba watabibu wa Ayurveda hawastahili mshahara sawa na madaktari, kwa kuwa kazi zao hazilingani. Ikiwa hazilingani siku ya mshahara, zitalinganaje mbele ya mgonjwa mahututi?

Nchini Tanzania, ambako wengi huiangalia India kama kimbilio la matibabu ya rufaa, sheria ya mwaka 2002 iliwapa watabibu wa tiba asili na tiba mbadala baraza lao wenyewe. Uhaba wa madaktari ulikabiliwa kwa njia nyingine: maofisa tabibu, ambao tangu siku ya kwanza darasani hufundishwa tiba ya kisasa, kwa mipaka inayojulikana na kwa utaratibu wa rufaa.

Hapo ndipo penye tofauti. Cheti cha mwaka mmoja chaweza kumfundisha mtu jina la dawa na kipimo chake. Kutambua kwamba homa hii si ile, na kwamba mgonjwa apelekwe hospitali usiku huu huu, ni ujuzi wa miaka wodini. Mkulima wa Maharashtra hana namna ya kujua ni upi kati ya hiyo miwili alionao anayempima. Sheria ndiyo iliyopaswa kumjulia.