Shemeji Asiyeoa

Neno shemeji lina gharama yake. Hutanguliwa na barua ya posa, mahari na wazee kukaa pamoja, ndipo kaka yake binti hulipokea kwa furaha. Leo hapa Bumbire kijana asiyepeleka hata barua anamwita mwenzake shemeji njiani, na mwalo mzima unacheka. Kicheko hicho ndicho ninachokipinga.

Wazee wenzangu husema vijana wameharibiwa na filamu za Kihindi. Sikubaliani nao. Filamu hizo nilianza kuzitazama nilipokuwa mwanachuo Butimba, Mwanza, mwanzoni mwa miaka ya 1970. Jambazi akimkaripia mtu, humwita saala. Baadaye mwenye duka mmoja wa Kihindi alinifafanulia: saala ni kaka wa mke. Kumwita hivyo mtu ambaye hukuoa kwao ni kumwambia kwamba dada yake umekwisha kumchezea. Hata bhai, yaani ndugu, huko Mumbai limekuwa jina la mkuu wa genge. Filamu ya Munna Bhai M.B.B.S. ya mwaka 2003 inamhusu mtu wa aina hiyo.

Mabanda ya video yalipoenea, watafsiri waliweka Kiswahili juu ya filamu, kazi iliyompa sifa Kapteni Derek Gaspar Mukandala, maarufu kama Lufufu. Katika banda moja la kwetu nilimsikia mtafsiri akigeuza saala kuwa mshenzi. Undugu ukapotea, tusi likabaki. Basi vijana wetu hawakujifunza shemeji pale. Neno walikuwa nalo tayari. Walichochukua kwenye filamu ni mikogo ya kulisema.

Nilipokuwa mwalimu mkuu, mvulana wa darasa la saba alipigana na kijana mvuvi aliyemwita shemeji mbele ya watu. Nilimchapa viboko vinne kwa kosa la kupigana. Sikumwuliza sababu. Dada yake alikuwa darasa la sita, wala hajapata kuzungumza na mvuvi yule. Tangu siku ile wenzake wakamwita mke wa mtu, na kabla muhula haujaisha akaacha shule. Fimbo yangu ilikuwa imempiga asiyestahili.

Mtasema huo ni utani. Utani naujua. Mtani humtania mtani aliye mbele yake, naye hurudishiwa. Lakini binti huyu yuko nyumbani anaanika dagaa, huku wanaume wawili wanarushiana heshima yake njiani, naye hana zamu ya kujibu. Ni utani gani huo?

Walimu wenzangu mlio kazini, mkimkuta mvulana akipigana, wekeni fimbo chini, mwulizeni kwanza ameitwaje. Kisha mwiteni yule aliyemwita shemeji, mumwulize mahari ameipeleka nyumba gani.