Dirisha kwanza, taa za rangi baadaye

Wasee, niliacha chuo mwaka wa pili karo ilipokwama, nikarudi nyumbani Kitengela. Chumba changu kilikuwa kishachukuliwa na wadogo zangu. Mathe akanionyesha stoo ya nyuma, ile ya majembe, magunia na baiskeli mbovu. "Safisha hapo, utatoshea."

Kuna watu watasema huko ni kurudi nyuma kimaisha. Nakataa. Kwa Waluo na Waluhya, kijana akikua hujenga simba yake hapo hapo bomani kwa wazazi, na hakuna anayemcheka. Sasa mbona stoo yangu iwe aibu, na bedsita ya kukimbizana na landlodi kila mwisho wa mwezi iwe ndiyo maisha?

Kinachonikera ni hizi video zetu za kupamba vyumba. Nami nimo, sijitoi. Kwenye yangu ya kwanza mliona taa za rangi, kapeti, na karatasi za kubandika ukutani. Hamkuona kwamba stoo haikuwa na dirisha hata moja. Usiku pumzi yangu ilipanda, ikagusa mabati baridi, ikanirudia matone matone kwenye godoro. Mchana humo ndani ni oveni.

Halafu Julai ikafika. Baridi ya huku usiulize. Nikaingiza jiko la makaa, nikafunga mlango. Mathe alipokuja kuniita chakula alinikuta kichwa kinapasuka na miguu haina nguvu. Akalitoa jiko nje bila kusema neno, na hicho kimya chake kilinitisha kuliko makelele. Makaa hutoa kaboni monoksidi, gesi isiyo na rangi wala harufu. Haikuamshi. Inakulaza tu.

Wiki hiyo niliuza taa yangu ya kurekodia nikaita fundi. Akatoboa dirisha linalofunguka, na matundu ya hewa juu ya ukuta wa upande wa pili. Akapiga siling chini ya mabati, akatandika nailoni nzito kabla ya kumwaga sakafu upya, unyevu usipande. Na komeo la ndani! Stoo nyingi hufungwa kwa kufuli nje tu, buda, fikiria moto ukizuka.

Video ya dirisha ilipata watazamaji wachache kuliko ile ya taa. Ndiyo nimeiweka juu kabisa kwenye akaunti yangu. Mathe naye siku hizi huja huku jioni kukwepa kelele za watoto, na hukalia kiti changu.