Filamu Bubu Zirudishiwe Mwendo Wake

JICHO LA PEMBENI
Na Salma Kheri

Vipande vya sinema bubu za mbio za farasi za kuruka vizuizi vinazunguka sana kwenye simu zetu. Farasi wanakimbia kama kuku waliotishwa, mpandaji anarushwa, anainuka upesi, na kinanda cha vichekesho kimebandikwa juu yake. Watu wanacheka. Mimi nashindwa.

Chukua mfano wa mbio za Grand National za Machi 30, 1928, pale Aintree, Liverpool. Farasi 42 walianza safari ya takriban kilomita 7 yenye vizuizi 30. Katika mzunguko wa kwanza, kwenye kona ya Canal Turn, farasi Easter Hero hakuuvuka ua wenye mtaro. Alitua juu yake akakwama. Waliomfuata wakarundikana hapo. Tipperary Tim, farasi ambaye hakuna aliyemdhania, akasalimika na balaa lile akiwa na William Dutton, mpandaji wa ridhaa. Walipofika kizuizi cha mwisho, mpinzani aliyesalia alikuwa Billy Barton wa Marekani, naye akaanguka, akapandwa tena, akamaliza wa pili. Wengine wote hawakufika. Aliyemwekea Tim pauni moja alivuna faida ya pauni 100.

Kamera nyingi za enzi ya filamu bubu zilizungushwa kwa mkono, picha 16 hivi kwa sekunde, wakati mwingine zaidi. Ukipitisha mkanda wa picha 16 kwa mwendo wa 24 tuliouzoea, anguko la sekunde tatu linakwisha kwa mbili. Kichekesho hicho kimetengenezwa na mashine, uwanjani hakikuwapo. Rudisha mwendo, utaona mnyama wa karibu nusu tani akihangaika kusimama, na binadamu aliyejikunja akikinga kichwa huku kwato zikimpita. Wenye mashindano wenyewe hawakuona mzaha: mtaro wa Canal Turn ulifukiwa baadaye.

Sasa kuna mtindo wa kuzipaka rangi filamu hizi kwa kompyuta na kuzitilia vishindo vya kwato na kelele za mashabiki. Hilo nalo silipendi, ingawa vijana wangu wa nyumbani wananiona mshamba. Kelele hizo si za Aintree, zimeokotwa kwingine.

Ombi langu kwa mnaozisambaza ni dogo: punguzeni kasi, zimeni kinanda, kisha andikeni chini yake jina la mbio na mwaka.