Daraja la Minneapolis: Kosa lililofichika kwa miaka 40

SAA 12:05 jioni ya Agosti mosi, 2007, wakati wafanyakazi wakirejea makwao, daraja la barabara kuu ya I-35W katika jiji la Minneapolis, jimbo la Minnesota nchini Marekani, liliporomoka na kutumbukia katika Mto Mississippi.

Magari 111 yalikuwa juu ya sehemu iliyoanguka. Watu 13 walipoteza maisha na wengine 145 walijeruhiwa.

Lawama za kwanza zilielekezwa kwenye uchakavu na ufinyu wa bajeti. Tangu mwaka 1991 daraja hilo lilikuwa limeorodheshwa miongoni mwa madaraja yenye kasoro, hasa kutokana na kutu. Aidha, miezi michache kabla ya ajali, Gavana Tim Pawlenty alikuwa ameukataa muswada wa kuongeza kodi ya mafuta kwa ajili ya barabara. Februari 2008 Bunge la jimbo lilitengua uamuzi wake mwingine wa aina hiyo, na kodi ikapandishwa.

Hata hivyo, ripoti ya Bodi ya Taifa ya Usalama wa Usafirishaji ya nchi hiyo, iliyotolewa Novemba 2008, ilionyesha kuwa chanzo kilikuwa cha zamani zaidi ya mabishano hayo.

Daraja hilo, lenye urefu wa mita 581, lilifunguliwa Novemba 1967. Sakafu yake ilibebwa na viunzi viwili vikubwa vya vyuma vilivyopangwa kwa pembetatu. Muundo huo hutumia chuma kidogo kuvuka umbali mrefu, lakini hapo haukuwa na akiba: kiungo kimoja kikuu kikivunjika, vingine haviwezi kuupokea mzigo wake.

Pale vyuma vinapokutana, hushikwa na mabamba ya chuma. Katika baadhi ya viungo, mabamba hayo yalikuwa na unene wa nusu inchi tu, takriban nusu ya uliohitajika. Kosa lilifanyika katika usanifu wa miaka ya 1960, na hesabu za mabamba hayo hazikupatikana. Wala waliopitia michoro wakati huo hawakulibaini.

Kwa miaka 40 daraja lilistahimili, huku mzigo ukizidi. Mwaka 1977 sakafu iliongezewa tabaka la zege la takriban sentimita tano. Mwaka 1998 zikajengwa kingo mpya. Siku ya ajali, mafundi waliokuwa wakikarabati sakafu walikuwa wamerundika mitambo, mchanga na kokoto zenye uzito wa zaidi ya tani 260 karibu na kiungo kilichokuwa dhaifu.

Ukaguzi ulikuwa ukifanyika kila mwaka tangu 1993, lakini wakaguzi walitafuta kutu na nyufa. Hata picha za mwaka 2003 zilizoonyesha mabamba ya kiungo hicho yakiwa yamepinda hazikumshtua mtu. Mabamba yalichukuliwa kuwa imara kuliko vyuma yaliyoviunganisha, hivyo hayakuingizwa katika hesabu za uwezo wa daraja.

Hapo ndipo lilipo funzo kuu. Fedha za matengenezo ni muhimu, lakini rangi mpya na zege jipya visingeliokoa daraja hilo. Zege jipya liliongeza mzigo. Kilichohitajika ni kurudia hesabu kila uzito ulipoongezwa. Baada ya ajali, mamlaka za barabara za Marekani zilitakiwa kuyapima kwa hesabu mabamba ya madaraja ya aina hiyo.

Daraja jipya la zege, lenye njia kumi na vifaa vya kupima mwenendo wake, lilifunguliwa Septemba 18, 2008.

Wahenga walisema, usipoziba ufa utajenga ukuta. Minneapolis iliujenga ukuta huo kwa gharama ya roho 13, kwa sababu ufa wenyewe ulikuwa kwenye karatasi za wasanifu, mahali ambapo hakuna mkaguzi aliyetumwa kutazama.