Gharama Halisi ya Nyumba ya Rehani

Mwandishi wa makala ninayoijibu, kuhusu nyumba za rehani, amesema kweli, lakini riba ameipitia kwa haraka mno. Mtu akopaye shilingi za Kenya 5,000,000 kwa miaka 25, kwa riba ya asilimia 13 juu ya baki la deni, atalipa takriban 56,400 kila mwezi, ambazo katika mwezi wa kwanza 54,167 ni riba tupu, hata deni likiisha awe ametoa karibu milioni 17, ghairi ya bima, ujira wa wakili na ushuru wa stempu. Na hayo ni iwapo riba haitapanda, jambo ambalo sithubutu kulidhamini. Akiridhia miaka 15, malipo hufika kama 63,300, na jumla hushuka hadi milioni 11.4. Wasomaji wenzangu, kabla ya kutia sahihi, itakeni benki iwaandikie jumla hiyo.