Kung'oa thamostati si kutengeneza gari

MSIMU wa machungwa unapofika, Muheza haina gari la kupumzika. Pikapu zinatoka Kicheba, Mkuzi, Potwe na Mtindiro zikileta matunda barabarani, na Fuso zinayapokea kuyapeleka Dar es Salaam, safari ya zaidi ya kilomita 300, au kuyavusha Horohoro kuingia Kenya. Upande wa milimani, magari yanapanda Amani kufuata iliki, mdalasini, karafuu na pilipili manga. Katika pilikapilika zote hizo kuna jambo moja ambalo limekuwa la kawaida mno kiasi kwamba hatulishangai tena: gari limesimama pembeni, boneti iko juu, dereva anangoja injini ipoe na mzigo unaiva juani.

Ukiuliza sababu utaambiwa gari limechemsha. Ukiuliza dawa, mafundi wengi watakupa jibu moja: "Mzee, toa hiyo thamostati. Hicho ni kitu cha Ulaya kwenye baridi, huku kwetu joto tupu." Kifaa kitang'olewa, kitatupwa, na gari litarudi barabarani. Makala hii inasema kwamba ushauri huo si sahihi, kwamba unawagharimu wakulima na wafanyabiashara wadogo fedha wasizoziona, na kwamba kazi ya kukipima na kukibadili kifaa hicho inaweza kufanyika nyumbani kwa spana chache na sufuria ya maji.

Thamostati inafanya nini

Thamostati ni mlango mdogo uliowekwa pale ambapo mpira wa rejeta unaungana na injini. Ndani yake mna nta iliyofungiwa katika kikopo cha chuma. Injini ikiwa ya baridi, springi inaufunga mlango huo na maji yanazunguka ndani ya injini peke yake, hivyo injini inapata moto haraka. Maji yakifikia joto lililopangwa, ambalo kwa magari mengi ya Kijapani ni nyuzi 82 au 88 za Sentigredi, nta inayeyuka, inatanuka na kuusukuma mlango ufunguke. Hapo ndipo maji yanapokwenda kwenye rejeta kupoa.

Mpaka hapo mtu anaweza kusema, kama kazi yake ni kuyazuia maji, basi kwenye joto letu tukitoe. Lakini katika injini nyingi za Kijapani kifaa hiki kina kazi ya pili ambayo haielezwi gereji. Chini yake kuna kisahani kingine. Mlango mkubwa unapofunguka, kisahani hicho kinaziba njia ya mkato inayoyarudisha maji kwenye injini bila kupitia rejeta. Ukiing'oa thamostati, njia hiyo ya mkato inabaki wazi saa zote. Sehemu ya maji ya moto inarudi kwenye injini kama ilivyotoka, haijapoa hata kidogo.

Gari likiwa tupu kwenye tambarare, dereva hatagundua lolote. Lakini mlipandishe na mzigo kutoka Muheza, iliyo kwenye mita kama 200 juu ya usawa wa bahari, mpaka Amani penye mita zinazokaribia 900, kwa gia nzito na mwendo mdogo ambao hauleti upepo wa kutosha kwenye rejeta. Gari litachemsha kwa ugonjwa ule ule ambao mliing'oa thamostati ili kuutibu.

Hasara ya pili ni ya kimya. Injini isiyo na thamostati, au yenye thamostati iliyokwama wazi, inafanya kazi ikiwa na ubaridi, hasa alfajiri na wakati wa kuteremka mlima. Injini ya namna hiyo haichomi mafuta vizuri, oili yake inabaki na unyevu na kuchafuka mapema, na silinda zinalika kuliko kawaida. Magari yenye kompyuta ya injini yanaongeza tatizo, kwa sababu kompyuta ikiona injini haijapata moto inaendelea kuruhusu mafuta ya ziada. Mfanyabiashara anayekwenda na kurudi kila siku analipia hali hiyo kila anapopita kituo cha mafuta, na hasara hiyo haiandikiwi risiti.

Jinsi ya kutambua

Haki itendeke: si kila gari linalochemsha lina thamostati mbovu. Rejeta inaweza kuwa imeziba kwa kutu na tope. Mkanda wa feni unaweza kuwa umelegea, pampu ya maji imechoka, au kifuniko cha rejeta hakishiki presha. Ukiona mapovu yanatoka mfululizo ndani ya rejeta injini inapounguruma, au oili imekuwa na rangi ya chai ya maziwa, shuku gasketi ya silinda hedi na umwone fundi haraka. Anza daima kwa kuangalia kiasi cha maji, mikanda na sehemu zinazovuja.

Baada ya hapo, pima asubuhi injini ikiwa imelala baridi. Tafuta mpira unaounganisha rejeta na kifuniko cha thamostati. Kwa magari mengi ni mpira wa juu, kwa mengine ni wa chini. Washa injini iungurume taratibu, na uguse mpira huo mara kwa mara, ukiiweka mikono na nguo mbali na feni na mikanda. Thamostati nzima itauacha mpira ukiwa baridi kwa dakika kadhaa, kisha mpira utapata moto ghafla wakati mlango unafunguka. Ikiwa mshale wa joto kwenye dashibodi unapanda kuelekea kwenye alama nyekundu na mpira bado ni baridi, thamostati imekwama ikiwa imefungwa. Zima injini mara moja. Ikiwa mpira unapata uvuguvugu tangu mwanzo na mshale haufiki mahali pake pa kawaida hata baada ya mwendo mrefu, basi imekwama wazi au haipo kabisa.

Uthibitisho wa mwisho uko jikoni. Itoe thamostati, ifunge uzi, itumbukize kwenye sufuria ya maji bila kugusa chini, kisha yapashe maji moto. Mwenye kipimajoto ataona ikianza kufunguka karibu na namba iliyogongwa kwenye chuma chake. Asiye nacho asihofu: maji yanayotokota hapa Muheza yana joto la karibu nyuzi 100, kwa hiyo thamostati ya 82 au 88 isiyofunguka ndani ya maji hayo imekufa. Itoe kwenye maji ipoe. Ikishindwa kujifunga, nayo imekufa. Sufuria hiyo isirudi tena kupikia chakula.

Jinsi ya kubadili

Sharti la kwanza ni injini kupoa kabisa. Kifuniko cha rejeta kinayashikilia maji kwa presha, ndiyo maana ndani ya rejeta maji yanaweza kupita nyuzi 100 bila kutokota. Ukikifungua yakiwa ya moto, yanaruka na kumuunguza mtu uso na mikono.

Tegesha beseni, fungua kizibo cha chini ya rejeta na umwage maji mpaka yashuke chini ya usawa wa thamostati. Legeza klipu, chomoa mpira, kisha fungua bolti za kifuniko, ambazo mara nyingi ni mbili au tatu. Kabla hujaitoa thamostati ya zamani angalia imekaaje, kwani mpya lazima ikae hivyo hivyo: upande wenye springi na kikopo cha nta unaelekea ndani ya injini. Kama ina kitundu chenye kipini kinachochezacheza, kwa kawaida kipini hicho kinakaa juu ili hewa ipate pa kutokea.

Kwangua mabaki ya gasketi ya zamani taratibu bila kuchimba chuma, weka gasketi mpya, rudisha kifuniko na ukaze bolti kwa zamu, kidogo kidogo. Vifuniko vingi ni vya aluminiamu, na nguvu za kupita kiasi zinavipasua. Rudisha mpira na kizibo, jaza kulanti polepole, washa injini kifuniko cha rejeta kikiwa wazi, na uendelee kuongeza kadiri hewa inavyotoka. Mpira ukishapata moto, kiasi cha maji kikatulia na mapovu yakaisha, funga kifuniko, kagua kama pana uvujaji, kisha zungusha gari mtaani kabla ya kulipa mzigo.

Kulanti iliyomwagwa isiachwe uani. Aina nyingi zina sumu yenye utamu, na mtoto, mbwa au mbuzi anaweza kuinywa.

Tusiwalaumu mafundi peke yao

Mafundi wetu wana hoja. Wanapewa gari lililojazwa maji ya mto kwa miaka mingi, lina kutu mpaka kwenye mipira, na mwenye gari anataka liondoke jioni ile ile. Duka la spea halina thamostati ya injini ile, au linayo ya gari jingine. Machungwa yako juu na mnunuzi anapiga simu. Katika hali hiyo, kuitoa thamostati iliyokwama ili gari lifike mjini ni jambo la kueleweka, ilimradi dereva aende polepole, aangalie mshale, na akifika aweke mpya. Kosa letu ni kuigeuza dharura ya siku moja kuwa matengenezo ya miaka 10.

Kwa hiyo mabadiliko yaanze kwa wenye magari. Maji ya mto na ya kisima yana chumvi na tope, na hayo ndiyo yanayokwamisha thamostati na kuziba rejeta. Tumia kulanti iliyochanganywa kwa kipimo kilichoandikwa kwenye chombo chake, na uibadilishe kwa muda uliotajwa na watengenezaji. Ukilazimika kuongeza maji njiani, kumbuka kuyatoa ukifika.

Wenye maduka ya spea nao wajue kwamba mteja anayeuziwa thamostati bandia na ikashindwa kufunguka mlimani hapotezi bei ya kile kifaa tu. Silinda hedi inaweza kupinda au kupasuka, na hapo gharama inakuwa ya injini nzima. Mnunuzi ana kinga rahisi: aipime spea mpya kwenye sufuria kabla ya kuifunga. Bidhaa bandia ni kosa chini ya Sheria ya Alama za Bidhaa ya mwaka 1963, na Tume ya Ushindani, yaani FCC, ndiyo yenye kazi ya kuzikamata. Malalamiko yapelekwe huko badala ya kuishia kijiweni.

Vyuo vya ufundi, VETA Tanga kikiwemo, vingefanya jambo la maana kuandaa mafunzo ya siku mbili au tatu kwa madereva na wamiliki wa magari ya mizigo. Wengi hawahitaji cheti cha ufundi magari. Wanahitaji kujua kuusoma mshale wa joto, kupima thamostati na kukataa ushauri mbaya kwa sababu wanazozielewa.

Asiye na gari naye anahusika

Wakulima wengi wa Muheza hawana gari, wanakodi. Mtu wa namna hiyo anaweza kudhani makala hii si yake, kumbe yeye ndiye anayeumia zaidi. Gari likichemsha, mwenye gari ana chuma kinachoweza kungoja. Mwenye machungwa ana matunda yasiyongoja, na mnunuzi aliyeahidiwa kwa saa fulani anaweza kushusha bei akijua mzigo umelala njiani.

Mkulima anayekodi gari ana haki ya kuuliza maswali kabla ya kupakia. Rejeta ina maji au kulanti? Mshale wa joto unafanya kazi? Thamostati ipo? Dereva akijibu kwamba iling'olewa zamani na gari halijawahi kusumbua, muulize mara ya mwisho alipanda mlima na mzigo wa kiasi gani. Maswali hayo hayana gharama, na wenye magari wakianza kuyasikia kwa kila mteja, watayatengeneza magari yao kwa hofu ya kukosa kazi.

Thamostati mpya ni miongoni mwa spea za bei ndogo kwenye gari, na kuifunga ni kazi ya saa moja au mbili kwa mtu mwangalifu. Msimu ujao usitukute na vifuniko visivyo na kitu ndani. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta wa injini ya gari la mizigo haujengwi kwa mauzo ya machungwa ya msimu mmoja.