Tina! Tina yupi?

Wiki hii nimeshinda kijiweni nikimfariji mtu. Hakufiwa. Katoswa, tena katoswa kwa staili ambayo tangu nianze safu hii sijawahi kuisikia. Jina lake nalihifadhi, kwanza kwa sababu ameniomba, pili kwa sababu namdai, na nikimkasirisha silipwi.

Mshikaji alikuwa na kimwana wake anaitwa Tina. Walikutana kituo cha daladala pale Mwenge, mvua inamwagika, yeye ana mwavuli, mtoto hana. Akauliza, "Unaitwa nani dada?" Akajibiwa, "Tina." Mambo yakaanzia hapo. Miaka miwili wako pamoja, chipsi kuku kila mwisho wa mwezi, pesa ya saluni inatumwa kwa simu. Na hapo kwenye simu palikuwa na jambo. Si unajua siku hizi ukituma pesa, jina la mwenye namba linakuja kabla hujathibitisha? Kwa Tina lilikuwa linakuja jina la kaka yake, eti laini alimsajilia yeye. Mshikaji akaona sawa tu.

Siku moja Tina akaaga, anakwenda mkoani kumuuguza bibi. Wiki hiyo hiyo jamaa mmoja wa kazini akamletea mshikaji kadi ya mchango, mdogo wake anaoa. Kadi safi, maandishi ya dhahabu: kijana wetu fulani anatarajia kufunga ndoa na Bi. Klementina. Mshikaji akatoa elfu hamsini bila kinyongo, maana na yeye alikuwa na mipango yake na Tina, na mjini hapa ukitaka kuchangiwa lazima uchangie.

Jumapili yuko kanisani. Katekista kasimama anasoma matangazo ya ndoa. Akatajwa bwana wa parokia ya mbali, akatajwa Klementina wa parokia hii, na mwenye kujua kizuizi chochote aende kwa paroko. Mshikaji anakumbuka alijisemea, kumbe bibi harusi mwenyewe ni wa huku kwetu! Likasomwa Jumapili ya pili, likasomwa ya tatu. Kizuizi chenyewe kimekaa benchi la nne, kinasubiri baraka ya mwisho kiende kunywa chai.

Basi siku ya siku ikafika, jamaa yuko ukumbini na kadi yake ya mtu mmoja, suti imenyooka. Mlango ukafunguliwa, muziki juu, maharusi wanaingia. Kucheki vizuri, aliyeshikwa mkono ni Tina. Tina yule yule wa mwavuli! Na MC hana habari, anapiga kelele tu kwenye kipaza sauti: "Klema! Klema! Klema wetu huyoo!" Kumbe bwana harusi na ukoo wake wote wanamwita Klema.

Mshikaji hakugusa hata soda. Ndafu aliyoichangia akaiacha mezani.

Aliponisimulia nilicheka kwanza, anisamehe. Halafu nikaanza kufikiri. Kwa upande wa jina, yule mtoto hakudanganya hata kidogo. Kaulizwa jina kasema Tina, na Tina ni jina lake. Ila jina moja kaligawa vipande viwili: bwana mmoja kapewa kichwa, mwingine kapewa mkia. Nikasema lazima nijue nani kati yao alipata kipande chenye maana. Nikaenda kuchimba.

Kwanza kabisa, kwa nini jina refu namna ile linaishia kuwa Tina? Watu hukata majina kwa njia mbili. Wengine hushika kichwa wakatupa mkia, ndiyo maana Fatuma anakuwa Fatu na Zainabu anakuwa Zai. Wengine hushika mkia: Hadija anakuwa Dija, Magdalena anakuwa Lena, Elizabeti anakuwa Beti, Josefina anakuwa Fina. Sasa hawa wa mkia hawakati ovyo. Kiswahili chetu kinaegemea silabi ya pili kutoka mwisho. Jaribu mwenyewe, muite Klementina kwa sauti kama vile yuko ng'ambo ya barabara. Sauti inapanda wapi? Kwenye "ti". Hiyo "Kle" na "me" zinamezwa na honi za bodaboda, kinachofika kule ni "Tina" tu. Waitaliano nao jina hili wanaliegemea hapo hapo, na kwao Tina wamejaa tele. Warusi wao mara nyingi hushika kichwa. Valentina wa Urusi kwa kawaida ataitwa Valya.

Sasa hiyo Tina yenyewe ina nini ndani? Kaa vizuri msomaji wangu, maana akina Tina wanaweza kununa. Majina mengi yanayotoa Tina yanatoka kwa Warumi wa kale, kwenye lugha yao ya Kilatini. Warumi walikuwa wakichukua neno wanalibandika mkia "ina", maana yake ni kama "wa fulani" au "mwenye asili ya kitu fulani". Herufi "t" siyo ya mkia huo, ni ya mwisho wa neno lenyewe. Kwa hiyo Tina ni kisigino cha neno moja pamoja na mkia uliobandikwa. Ukilipima Tina peke yake, halina maana yoyote. Maana yote imebaki kule kwenye kipande kilichokatwa.

Ndiyo maana ukikutana na Tina usiulize Tina maana yake nini. Uliza ni Tina wa wapi.

Wapo akina Kristina, na hawa nadhani ndio wengi mtaani. Hapo asili ni Kristo, neno la Kigiriki lenye maana ya aliyepakwa mafuta, ambalo nalo lilitafsiri neno la Kiebrania lile lile tunalolisikia kwenye Masihi. Yupo Kristina mmoja aliwahi kuwa malkia wa Sweden, alirithi kiti mwaka 1632 kabla hata hajatimiza miaka sita. Alipokuwa mkubwa akakataa katakata kuolewa, mwaka 1654 akaacha na ufalme wenyewe, akawa Mkatoliki, akahamia Roma. Kaburi lake liko kanisa la Mtakatifu Petro, Vatikani. Huyo hakuna kadi ya mchango iliyochapishwa!

Ukisikia Tina wa Martina, punguza mwendo kidogo. Jina hilo linatoka kwa Mars, mungu wa vita wa Warumi, huyo huyo aliyeupa jina mwezi wa Machi. Kina Martina ninaowajua mimi hawana ugomvi na mtu, lakini muulize yeyote aliyewahi kusimama ng'ambo ya wavu na Martina Navratilova, mzaliwa wa Prague mwaka 1956, bingwa wa Wimbledon kwa mchezaji mmoja mmoja mara 9.

Valentina ni mwenye nguvu, mzima wa afya. Vijana wengi wakisikia jina hilo wanawaza maua mekundu na tarehe 14 Februari. Mimi namuwaza Valentina Tereshkova. Tarehe 16 Juni 1963, akiwa na miaka 26, alirushwa angani peke yake, mwanamke wa kwanza duniani kwenda huko, akaizunguka dunia mara 48 kwa karibu siku tatu. Sisi huku tunashindwa kukaa dakika kumi kwenye lifti iliyokwama.

Tina wa Faustina ni Bahati, yaani ukimtafsiri kwa Kiswahili jina lake tunalo tayari. Kwa Warumi lilikuwa jina la kifahari. Mke wa mfalme Antoninus Pius aliitwa Faustina, na binti yao Faustina akaolewa na mfalme aliyefuata, Marcus Aurelius. Wakatoliki wa leo wanamjua zaidi sista wa Poland, Faustina Kowalska, wa Huruma ya Mungu, ile Jumapili inayofuata Pasaka. Alizaliwa mwaka 1905 akaitwa Helena, hilo Faustina alilipata utawani. Alifariki mwaka 1938 akiwa na miaka 33, na Papa Yohane Paulo wa Pili alimtangaza mtakatifu tarehe 30 Aprili 2000.

Justina ni mwenye haki, huyo sina neno la kuongeza.

Haya, Klementina wetu. Hapo neno ni "clemens", na maana yake ni mpole, mwenye huruma, asiyelipiza kisasi. Mapapa kumi na wanne wamejiita jina la ndugu wa kiume wa neno hilo, Klementi. Hata lile tunda dogo la jamii ya chenza lisilo na mbegu nyingi, klementini, lilipewa jina hilo mwaka 1902 kwa heshima ya bruda mmoja wa Kifaransa kule Algeria, Clément Rodier.

Umeona lakini? Upole wote uko kwenye "Klem". Bwana harusi aliyemwita Klema amebeba maana yote, upole na huruma vyote amepeleka kwake. Mshikaji wangu kwa miaka miwili alikuwa ameshika kisigino na mkia. Nilipomweleza hivyo alikaa kimya muda mrefu, halafu akasema, "Sasa hapo unanifariji au unanimalizia?"

Nikaona nimpe habari ya Tina mwingine, labda itamtuliza. Nayo ni ya Tina mkubwa kuliko wote, ambaye ajabu yake ni kwamba jina lake halikukatwa kutoka jina lolote refu. Namsema Tina Turner. Huyu mama alizaliwa Tennessee, Marekani, mwaka 1939, akaitwa Anna Mae Bullock. Hakuna "tina" hapo hata ukitafuta na tochi. Mwaka 1960 rekodi yake ya kwanza kubwa ilipotoka, mwenye bendi, Ike Turner, ambaye baadaye alikuwa mumewe, akambandika Tina bila kumuuliza. Alilichagua lifanane mlio na Sheena, mwanamke wa msituni wa kwenye vitabu vya katuni. Halafu akalisajili liwe mali yake! Hesabu ya Ike ilikuwa rahisi: huyu akiondoka, naweka mwanamke mwingine jukwaani, naye namwita Tina.

Na kweli aliondoka. Alikuwa akipigwa, na usiku mmoja wa mwaka 1976 kule Dallas akatoroka hotelini akiwa na senti 36 mfukoni. Talaka ilipokamilika mwaka 1978 aliacha karibu kila kitu, pesa, haki, mali. Alichong'ang'ania mpaka mwisho ni jina. Watu walimwona kachanganyikiwa, anaacha pesa anagombania herufi nne. Mwaka 1984 albamu yake "Private Dancer" ikatoka, ikauzwa kwa mamilioni, na jina lililoandikwa juu yake ni lile lile alilopewa bila hiari. Mwaka 1993 maisha yake yakatengenezewa sinema, akaigiza Angela Bassett. Alifariki Uswisi tarehe 24 Mei 2023, akiwa na miaka 83, na siku ile dunia nzima ilimlilia Tina. Wa Anna Mae walikuwa wachache sana.

Kwa hiyo nikamwambia mshikaji, hata mkia unaweza kuwa jina zima, inategemea mwenyewe kaufanyia nini. Akanijibu kwamba huyo Tina mwingine angalau alitoroka mtu aliyekuwa akimpiga, yeye alikuwa akinunua chipsi kuku. Hapo nilikosa jibu.

Juzi jioni kanipigia, sauti imechangamka kuliko siku zote. Kapata mtu mpya. Mtoto mzuri, mpole, anaitwa Lina.

"Lina wa wapi?" nikamuuliza. "Paulina, Karolina, Angelina, au Adelina?"

Kimya. Nasikia daladala tu zikipita kwa nyuma.

"Ngoja," akasema kwa sauti ya chini, "yuko hapa hapa, ngoja nimuulize."

Akakata simu, na mpaka naandika hapa hajapiga tena.